Jiwe la Uwanja wa Viungani

Palikuwa na nchi iitwayo Taratibu. Msianze kutazamana, si hii. Hii yetu kila mtu anajua ilivyo. Ile ilikuwa mbali, ng'ambo ya milima ambayo haimo kwenye ramani, na watu wake walikuwa wema, wavumilivu na wapenda viti vya mbele. Pembezoni mwa mji mkuu wa nchi hiyo, pale lami inapokata tamaa na vumbi kushika zamu, palikuwa na shule ya serikali, Sekondari ya Viungani, iliyosifika kwa mambo matatu: taaluma, shughuli na michezo. Aliyetilia shaka sifa hizo aliombwa arudi langoni akausome ubao, kwa kuwa zilikuwa zimeandikwa pale kwa rangi nyekundu na mtu aliyelipwa kuziandika.

Ukishaupita ubao, jengo la kwanza lilikuwa maktaba. Yaani jiwe la msingi la maktaba, limechongwa vizuri, lina jina la waziri aliyeliweka na tarehe iliyokwisha kufutwa na mvua. Mbele kidogo lilikuwapo bwalo la chakula, nalo jiwe. Kisha ukumbi wa mikutano, jiwe. Kisha bwawa la kuogelea, jiwe lililoota kuvu upande mmoja, na walimu walikubaliana kwamba katika majengo yote hilo ndilo lililokaribia zaidi kukamilika. Wanafunzi walikwisha kuzoea. Klabu ya mdahalo ilikutana ukumbini, wanachama wawili wameketi ndani ya ukumbi na wengine wamesimama nje kwa kukosa nafasi.

Mgeni akishangaa, alieleweshwa bila hasira. Sheria ya Mawe ya nchi ya Taratibu ilisema hivi: mahali ambapo kiongozi ameweka jiwe la msingi, jembe lisiguse udongo mpaka kiongozi huyohuyo arudi kulikagua jiwe lake. Ni adabu tu. Huwezi kuupokea mwiko wa saruji kutoka mkononi mwa mkubwa ukaendelea nao kama wa kwako. Bahati mbaya, viongozi wa Taratibu walihamishwa wizara kabla saruji haijakauka. Aliyeliweka jiwe la maktaba alikuwa sasa balozi katika nchi moja ya baridi ambako, inasemekana, maktaba zilikuwapo tayari.

Jengo moja tu lilikuwa linapanda. Nyuma ya uwanja wa michezo, wazazi walikuwa wanajenga maabara kwa mikono yao kila Jumamosi, wakinyanyua tofali moja moja, na kuta zilikuwa zimefika usawa wa paa. Siri ya maendeleo hayo ilikuwa kwamba hawakumwambia mtu. Maabara ilihitajika sana, maana hadi wakati huo mwalimu wa kemia alichora moto ubaoni kwa chaki, akachora chupa juu yake, akawaambia wanafunzi wasogee nyuma wasije wakaungua. Na kwa kuwa walikuwa watoto wenye adabu, walisogea.

*

Mwalimu wa michezo aliitwa Sefania Makubi. Alikuwa mnene kiasi cha kupumzika katikati ya kupuliza filimbi, na hilo alilisema mwenyewe kabla hujalisema wewe. "Mimi ni kama kibao cha njia," aliwaambia wanafunzi wapya. "Ninaonyesha mbio zinakoelekea, lakini mwenyewe siendi."

Mapema katika kazi yake Makubi aligundua kwamba nchini Taratibu hakuna anayekumbuka nani alikimbia, ila kila mtu anakumbuka mgeni rasmi alipokelewaje. Akajenga falsafa juu ya hilo. Kukimbia, alisema, mtoto anazaliwa nako. Kuku akimkimbiza anakimbia. Kupokea kombe ndiko kunakofundishwa. Kwa hiyo chokaa yote ya michezo ilitumika kuchora njia ya kutoka kwenye mkeka wa wanariadha hadi meza kuu, na vijana walifanya mazoezi kila jioni: tembea, simama, inamisha kichwa, pokea kwa mikono miwili, rudi kinyumenyume, usimpe mgeni mgongo. Wasiojua kukimbia walijiunga na Klabu ya Makofi, ambayo pia ilikuwa chini yake. Huko walifundishwa makofi ya kilo, makofi ya treni, na makofi ya mkubwa, ambayo hayakomi mpaka mkubwa mwenyewe aone haya.

Yeye mwenyewe alikuwa na ndoto moja, Nishani ya Mapokezi, Daraja la Kwanza. Aliifanyia mazoezi nyumbani. Mkewe alisimama kando ya jiko kama waziri, Makubi akaja kwa hatua za taratibu kutoka chumbani, akainamisha kichwa, na mkewe akamvisha mfuniko wa sufuria uliofungwa utepe. "Hongera, mheshimiwa," alisema mama wa watu. "Sasa nirudishie mfuniko wangu, mboga inarukaruka."

Dosari ya falsafa hiyo ilijitokeza kwenye mashindano ya kanda. Palikuwa na binti wa kidato cha tatu, Mwasiti, mwembamba, mwenye mbio za kweli ambazo hakufundishwa na mtu. Siku hiyo aliwaacha wenzake mbali mpaka watu wakadhani anakimbia peke yake. Zikiwa zimebaki hatua chache afike kwenye utepe, mgeni rasmi alinyanyuka kitini ili aikaze suruali yake. Mwasiti alikuwa amelelewa na Makubi. Mgeni akinyanyuka, hatua zikome na kichwa kiiname. Alikoma pale pale, akainamisha kichwa, na mabinti wa shule nyingine, waliokosa malezi, wakampita mmoja baada ya mwingine.

Jukwaa zima liliwapigia Viungani makofi. Walipewa Cheti cha Adabu, na Makubi alikwenda kukipokea kwa hatua safi kabisa. Njiani kurudi nyumbani, Mwasiti alimsogelea.

"Mwalimu, kwani nilikosea?"

"Hukukosea, mwanangu. Ulifanya kama nilivyokufundisha."

"Mbona basi nalia?"

Makubi alipekua mifuko akitafuta filimbi, ingawa hapakuwa na kitu cha kupulizia. Tangu siku hiyo, kila alipomwona binti huyo akizunguka uwanja peke yake jioni, akijiandaa kwa mashindano ya taifa, aibu ilimchoma kama mwiba wa samaki. Aliapa moyoni kwamba, liwalo na liwe, binti hataukosa utepe wa taifa kama alivyoukosa ule wa kanda.

*

Sasa, Wizara ya Mipango ya Mipango ilikuwa imehamia viungani, jirani kabisa na ua wa shule, ili iwe karibu na wananchi. Tatizo ni kwamba magari ya wakubwa yalishinda juani, na wakubwa waliporudi jioni usukani uliwaunguza viganja. Taifa haliwezi kwenda mbele likiwa na malengelenge. Ikaamuliwa uwanja wa Viungani uwe maegesho yenye kivuli.

Habari ilipotangazwa kwenye paredi, hakuna aliyeshtuka. Makubi alicheka mpaka kitambi kikacheza. "Hadi waje kujenga," alisema, "wajukuu wa Mwasiti watakuwa wamestaafu riadha."

Ijumaa iliyofuata mkandarasi akaingia getini na greda. Aliitwa Ndelwa, mtu mrefu, mkimya, mwenye kofia ya kazi iliyochakaa bila kuchafuka. Walimu walimwendea kwa tabasamu, wakiongozwa na mkuu wa shule, Mama Lwambano. Huyu alikuwa mzee wa kanisa na hakusema uongo hata kwa wakaguzi, jambo lililoirudisha shule nyuma sana.

"Karibu, baba," alisema Mama Lwambano. "Na jiwe la msingi linawekwa lini?"

"Hakuna jiwe, mama."

"Hakuna jiwe?"

"Hakuna. Mgeni hakuna, turubai hakuna, risala hakuna. Jumatatu ya pili kutoka leo nashusha kifusi, halafu nashindilia, halafu namwaga lami. Mwezi ukiisha nimemaliza."

Walimu walirudi nyuma kama watu walioona nyoka. Mwalimu wa historia, mtu mzima aliyeona mengi, alisema kwamba kauli ya namna ile haijapata kutamkwa tangu nchi ipate uhuru. Makubi tabasamu lilimkauka usoni. Alielewa, na wote walielewa, kwamba mradi usio na jiwe ni mradi utakaojengwa kweli.

*

Walijaribu njia zote za kistaarabu. Klabu ya risala iliandika risala. Kwaya ilitunga wimbo wa kusikitika wenye beti nyingi, ukasifiwa na wizara na kurekodiwa. Klabu ya Makofi ilikataa kupiga makofi siku nzima, na hapakuwa na mtu aliyegundua.

Jioni ya Jumatano Makubi aliketi maktaba, upande wa kivuli, akila mihogo ya kukaanga kwa huzuni. Alijiona mtu wa ajabu. Alikuwa ametumia ujana wake kufundisha watoto namna ya kupokea, na sasa wanakuja kupokonywa, jambo ambalo halikuwamo kwenye mazoezi. Mwasiti alimaliza mzunguko, akaja akasimama mbele yake akihema.

"Shikamoo, mwalimu."

"Marahaba. Mbona umeacha?"

"Najizuia. Nikiuzoea sana uwanja nitaumia zaidi wakishauchukua." Alilitazama jiwe alilokalia mwalimu wake, akacheka kidogo, kicheko cha mtu asiye na furaha. "Laiti uwanja wetu nao ungekuwa maktaba. Usingeguswa milele."

Makubi alibaki na muhogo mdomoni. Alilishika jiwe kwa viganja viwili, akalipapasa, akalitazama jina la balozi. Kisha akamkabidhi Mwasiti mihogo yote iliyobaki, tendo ambalo hakuna mtu aliyewahi kumwona akilifanya, akasimama.

"Kimbia," alisema. "Endelea kukimbia. Mimi nakwenda wizarani."

"Kufanya nini, mwalimu?"

"Kufanya kitu pekee ninachokiweza duniani."

*

Waziri wa Mipango ya Mipango, Mheshimiwa Dakta Tarimbo, alikuwa mtu mpana mwenye sauti ya kuhutubia hata anapoomba chumvi. Makubi aliingia ofisini mwake kwa hatua zake za siku zote, akainamisha kichwa, akabaki ameinama.

"Mheshimiwa, nimekuja kukupa pole."

"Pole ya nini?"

"Ya kudharauliwa."

Waziri aliweka kikombe chini. "Nani kanidharau?"

"Mimi si mtu wa kusema watu, Mheshimiwa. Ila pale Viungani una mradi wako mkubwa, maegesho ya kihistoria, na mkandarasi anataka kuanza Jumatatu. Hivihivi. Bila jiwe, bila utepe, bila hata ngoma moja."

"Bila mimi?"

"Bila wewe. Watoto wetu watakua wakiyaona magari yamepangwa pale, wasijue ni kwa mkono wa nani."

Dakta Tarimbo alinyanyuka, akaenda dirishani, akaitazama nchi, au sehemu yake iliyoonekana kati ya matangi ya maji. Sauti yake ilipotoka ilikuwa imelowa. "Mwalimu," alisema, "nimezunguka taifa hili kaskazini na kusini. Penye nyika nimeweka jiwe. Penye mwamba nimeweka jiwe juu ya jiwe. Hakuna, nasema hakuna, kinachojengwa katika wizara hii baada ya mimi kulishika tofali lake la kwanza, ambacho wananchi hawakisubiri kwa hamu!"

"Ndivyo ninavyojua, Mheshimiwa," alisema Makubi. "Wanasubiri mpaka leo."

Waziri aliguswa. Hapohapo alipiga simu kuamuru greda lisiwashwe kabla hajafika mwenyewe Jumamosi kuweka jiwe. Kisha akamtazama Makubi kwa makini. "Wewe siye yule wa makofi ya treni? Nimekusikia. Siku hiyohiyo, mbele ya umma, nitakuvisha Nishani ya Mapokezi, Daraja la Kwanza."

Makubi alitoka ofisini akipepesuka. Uwanja utapona na nishani ataipata, vyote kwa jiwe moja. Alipofika nyumbani alimwomba mkewe mfuniko wa sufuria, akafanya mazoezi mpaka chakula kikapoa.

*

Viungani waliacha masomo yote ili wakabiliane na jambo la elimu. Mashina ya miti yalipakwa chokaa. Mawe yalipakwa chokaa, maktaba na bwawa vikang'aa. Mbuzi wa jirani aliyekawia kuamka naye alipakwa mguu mmoja.

Ndelwa alikaa juu ya greda lake lililozimwa, akitazama. Makubi alimpelekea chai.

"Mwalimu," alisema Ndelwa, "unajua nilianza kazi hii nikiwa na nywele? Nimechimba misingi nchi nzima. Sijawahi kupiga rangi ukuta hata mmoja. Vijijini watu wananiita Bwana Shimo. Safari hii nilidhani nitamaliza kitu, nikamwonyeshe mama yangu kabla hajafa."

Makubi hakutegemea kumwonea huruma adui. Alisimama pale na birika, akaona kwamba katika nchi nzima labda huyu ndiye mtu pekee aliyetaka kufanya kazi, na yeye ndiye amemzuia. "Pole sana, ndugu yangu," alisema, na alimaanisha. "Ungekuja kujenga kitu kingine ningekusaidia kubeba zege."

*

Mgeni rasmi alitegemewa asubuhi, na kwa hiyo alifika alasiri. Wanafunzi waliozimia kwa jua walibebwa na skauti, wakamwagiwa maji, wakarudishwa kwenye mistari ili picha isiwe na mapengo. Kwaya iliimba. Risala ilisomwa, nayo ilimshukuru waziri kwa hewa. Meza kuu ilikuwa imewekwa kwa ustadi wa Makubi mwenyewe, mgeni asipigwe jua machoni, kwa hiyo kiti chake kilielekea nyuma ya uwanja, kule kwenye kuta za wazazi. Pale alikula pilau na kuku wawili.

Kisha akahutubia. "Ndugu wananchi! Wapo wanaosema hatuna mwendo. Nawauliza, gari lisilo na maegesho litakwenda wapi? Mtu hutoka ili arudi, na hurudi ili aegeshe! Leo hii, hapa Viungani, tumeanza rasmi safari ya kuelekea mwanzo wa maandalizi!"

Klabu ya Makofi ililipuka na treni nzima, mabehewa na honi. Jiwe likaletwa. Makubi alikuwa amechimba mahali pake pembeni kabisa, kando ya kona, lakini mpiga picha alisema mwanga ni mzuri zaidi katikati. Basi Dakta Tarimbo alilipanda jiwe kwenye njia yenyewe ya kukimbilia, karibu na mwisho wa mbio, akalipigapiga kwa mwiko, akajipangusa. Makubi alijifariji. Njia yenye jiwe bado ni njia. Aliwatafuta kwa macho Mwasiti na wenzake, akawaona wamejiuma midomo kuzuia shangwe, na moyo wake ukajaa hadi ukamtisha.

"Na sasa," alisema mshereheshaji, "Mwalimu Sefania Makubi!"

Alikwenda. Wazee wa Viungani husema mpaka leo kwamba hawajaona mwendo kama ule. Ilikuwa kama mtu anayetembea juu ya mayai yake mwenyewe. Alifika, akainamisha kichwa. Waziri aliitoa nishani kisandukuni, ikang'aa, akaishika kwa ncha mbili za utepe juu ya shingo ya Makubi. Na hapo macho ya waziri yakapita juu ya kichwa hicho kilichoinama, yakaona kitu.

"Lile jengo zuri ni la nini?"

Walimu walitazama viatu vyao.

"Mbona halina jiwe?" Dakta Tarimbo alichangamka. "Watu wanajenga, wanahangaika, na serikali yao haijawashika mkono! Saruji imebaki? Nipeni mwiko. Leo naweka mawili!"

Wazazi waliokuwa nyuma walishikana mikono. Mzee mmoja aliyenyanyua matofali kila Jumamosi kwa mgongo mbovu alikaa chini palepale. Mama Lwambano, aliyeulizwa na serikali na asiyejua kusema uongo, alisogea kwenye kipaza sauti huku machozi yakimlengalenga.

"Mheshimiwa," alianza, "ile ni maa..."

"Ni choo, Mheshimiwa," alisema Makubi.

Alilisema akiwa bado ameinama, na sauti yake ilipita kwenye kipaza sauti ikawafikia hadi waliokuwa nje ya ua. Nchini Taratibu kiongozi aliweza kuweka jiwe la msingi la kitu chochote, hata la barabara ya angani. La choo, hapana. Hakuna aliyetaka jina lake lichongwe hapo.

Waziri alilitazama jengo. Akaitazama meza kuu, na mifupa ya kuku, na kiti chake kilivyoelekea. "Choo," alisema polepole. "Umenikalisha nikakitazama choo? Nikala nikikitazama?"

Makubi aliinua kichwa. Nishani ilikuwa mbele ya pua yake, karibu kiasi cha kuinusa. Alijua kwamba sentensi moja tu ya kuomba radhi ingeweza kuirudisha shingoni mwake. Angeweza kusema alikosea, ni ghala. Angeweza kusema lolote.

"Ndiyo, Mheshimiwa. Na upepo nao ulitoka hukohuko."

Nishani ilirudi kisandukuni. "Mtu huyu," alisema Dakta Tarimbo kwa sauti ya taifa, "asimpokee tena mgeni yeyote maishani mwake. Hata shemeji yake!" Kisha msafara ukawasha magari na kuondoka, ukiwaachia watoto vumbi.

Makubi alibaki peke yake mbele ya meza kuu. Kwa miaka yote alifanya mazoezi ya kwenda, na mazoezi ya kurudi akiwa na nishani. Kurudi mikono mitupu hakukuwamo kwenye mazoezi. Aligeuka tu, akampa kila mtu mgongo, akatembea kama watu wengine wanavyotembea. Ghafla Klabu ya Makofi, bila kuamriwa na bila mpango, ilianza kupiga makofi mabayamabaya yasiyo na jina, na wazazi wakajiunga, na yule mzee wa mgongo akasimama.

*

Kabla saruji ya jiwe haijakauka, Dakta Tarimbo alihamishiwa Wizara ya Michezo. Uwanja ukawa salama milele. Magari ya wakubwa yaliendelea kushinda juani, na wizara ikanunua glavu.

Ndelwa, kwa kuwa hakuwa na kazi, alivuka uwanja Jumamosi moja akawauliza wazazi kama wanahitaji fundi. Alipaua jengo, akapiga rangi mwenyewe, kuta zote, mara mbili. Siku ya mwisho alimleta mama yake, kikongwe mwenye mkongojo, akamwonyesha. "Choo kizuri, mwanangu," alisema bibi, na Ndelwa akajifuta macho kwa kofia. Makubi alikuwa amebeba zege kama alivyoahidi, ndoo moja kwa kila mapumziko matatu.

Mama Lwambano alikuwa na shida ya dhamiri. Aliamuru kijengwe kitundu kimoja cha choo kwenye kona ya maabara, chenye mlango na komeo, ili taarifa yake kwa wizara iwe kweli mbele ya Mungu. Tangu hapo wanafunzi wa Viungani walipanga foleni asubuhi wakiwa wamevaa makoti meupe na kubeba chupa, wakaingia chooni kwa vipindi viwili mfululizo. Mwalimu wa kemia aliwasha moto wa kweli kwa mara ya kwanza, akaruka nyuma kuliko wote. Ukipita Viungani ukiwa umebanwa, usiulize choo kiko wapi. Utapewa kiti na kufundishwa asidi.

Na Makubi, aliyekatazwa mapokezi, alibaki bila somo. Ikambidi afundishe kukimbia. Alikaa na Mwasiti kando ya njia, wakashauriana kama watu wawili wasiojua, na kwa kuwa jiwe la waziri lilikuwa katikati ya njia na sheria ilikataza kulisogeza, binti alilazimika kuliruka kila mzunguko. Alilichukia mwanzoni. Baadaye akawa analipita bila kulitazama. Mashindano ya taifa yalipofika, Makubi alimwandikisha kwenye mbio za kuruka viunzi.

Asubuhi ya mbio hizo, Mwasiti alimwita pembeni. "Mwalimu, mgeni rasmi ni yuleyule Tarimbo. Akinyanyuka?"

"Utainamisha kichwa."

Binti alimtazama asiamini.

"Utakiinamisha," alisema Makubi, "ukiwa unauvunja utepe. Kabla ya hapo usimwone mtu."

Makubi alikaa juu kabisa ya jukwaa, mbali na meza kuu, kama amri ilivyotaka. Mwasiti aliruka viunzi kama anayevuka mifereji ya kwao. Alikuwa mbele. Zikiwa zimebaki hatua chache, Dakta Tarimbo, kwa furaha au kwa kiti kibovu, alinyanyuka. Uwanja wote wa taifa ukanyanyuka. Msichana wa pili alipunguza mwendo. Mwasiti hakupunguza. Alifika kwenye utepe, akainamisha kichwa mbele, na utepe ukakatika kifuani mwake. Waziri aliamini mpaka kufa kwake kwamba salamu ile ilikuwa yake.

Katika umati wote uliosimama, mtu mmoja tu alibaki ameketi. Alikuwa Makubi, macho kwenye utepe uliokatika.

Mwasiti aliitwa kuchukua kombe. Alikwenda mbiombio, akalipokea kwa mkono mmoja, hakurudi kinyumenyume, hakuinama. Alimpa waziri mgongo akapanda ngazi za jukwaa mbili mbili, akiwakanyaga watu vidole, akija juu huku anaita, "Mwalimu! Mwalimu!" Makubi alimtazama akija. Yalikuwa mapokezi mabaya kuliko yote aliyowahi kuyaona, hayakuwa na hatua hata moja sahihi. Alijikokota akasimama, akanyoosha mikono yote miwili, akasahau kabisa kuinamisha kichwa.